Wapelelezi Walipita Katikati ya Ng'ombe

Mimi filme za vita sizipendi. Huku Kitshanga vita tunaviona bure, sasa nilipe kiingilio cha nini? Lakini siku ile kaka yangu mkubwa alinivuta mpaka kwenye banda la sinema nyuma ya soko, mchana kweupe, tukabanana kwenye benchi na wachungaji wenzake, waliokimbia vilima vyao kama sisi.

Filme ilikuwa ya askari sita waliotumwa nyuma ya adui wakahesabu mizinga. Walitambaa, walijipaka matope, hata kikohozi walikimeza. Halafu wakapita katikati ya malisho, ng'ombe pande zote, na hakuna hata moja iliyoinua kichwa. Lo, banda zima likalipuka kwa kelele!

"Uongo! Ng'ombe gani hizo, za mbao?"

Papa mmoja, mzee wa ng'ombe, alisimama kabisa. "Ng'ombe ikiona mugeni inamukazia macho, na zingine zote zinageuka. Adui angeangalia ng'ombe tu, angewakamata!"

Tulicheka mpaka mwenye banda akatishia kuzima televizio. Kaka hakucheka. Nikamwona ameinama mbele, mikono katikati ya magoti, nikaacha kucheka. Ng'ombe zetu zilibaki kilimani, na kilima sasa kilikuwa cha wenye bunduki.

"Mimi siko mugeni kwao," aliniambia tulipotoka. "Mimi hazitanishangaa. Ninaenda kuona kama ziko, ninarudi."

"Kichwa yako iko muzima kweli? Ile ni filme!"

"Kuona tu, dada."

Jumatatu alfajiri akaondoka. Siku tatu maziwa ninayonunua kwa watu na kuchuuza sikuuza hata kikombe. Pikipiki ikisimama, niko mlangoni, ikiondoka, naketi, naketi, nainuka tena. Mama alisali, mimi nilitukana. Nilimtukana kaka, nikaitukana filme, nikazitukana na ng'ombe zenyewe.

Alhamisi mchana akaingia, mzima, mguu mmoja hauna kiatu. Nilimpiga ngumi za kifua, halafu nikamkumbatia nikalia kama mtoto.

Alipokaa, akatueleza. Zilibaki saba, nyingine zote zimeliwa. Alilala kifudifudi kwenye majani, askari wawili wakiwa ng'ambo ya malisho, na kweli hakuna ng'ombe iliyomshangaa. Ila ile ya kahawia, tuliyoiacha na mimba, aliyoikamua na kuizalisha yeye mwenyewe miaka yote, ilinusa harufu yake. Ikalia. Ikamfuata. Alirudi nyuma kwa magoti, nayo ikaja. Aliingia kwenye miti, nayo ikaja, inalia kwa sauti, mpaka askari mmoja akageuka kutazama. Pale bandani wote tulimuwaza mugeni tu, na hakuna aliyemuwaza mwenye ng'ombe zake.

"Nikaokota mawe," alisema. "Nikaipiga kwenye uso."

Kwetu ng'ombe ya maziwa haipigwi usoni. Hata mlevi hathubutu.

"Haikuelewa. Ikaendelea kuja. Nikaipiga tena, tena, mpaka damu ikatoka, njo pale ikasimama, nikakimbia."

Nilitaka kumwambia alifanya vizuri, uhai wake ni bora kuliko ng'ombe mia. Mama akaniwahi, akauliza:

"Na mimba yake?"

"Iko karibu kuzaa, Mama."

"Sasa nani ataizalisha?"

Kaka akafunika uso kwa mikono yote miwili.