Pima Moja ya Binamu Yangu

Siku ile kisimani tulikuwepo watu watano. Bibi yangu, mama yake baba. Baba mwenyewe, ameshika kamba. Ami yangu, mdogo wake baba, yuko chini kisimani na mtarimbo. Mwanawe ami, yaani binamu yangu, amerudi likizo kutoka chuo alikosomea mawe. Na mimi, nimebeba kata. Majina yao yote ninayo, hata la fundi aliyeunoa ule mtarimbo, lakini sitayaandika. Wana wajukuu.

Kijiji chetu kiko kati ya Gazi na Msambweni, juu ya mwamba wa matumbawe. Hapo maji matamu hulala juu na ya chumvi yako chini yake. Kwa hiyo hakikuchimbwa kisima bila mwanamke mzima wa kuonja. Mtarimbo ukishuka kidogo, kata hupandishwa, anaonja, anatema. Akisema basi, ni basi, hata kama maji ni ya kifundoni. Mwonjaji wetu alikuwa bibi.

Bibi akaonja. "Basi. Toka, mwanangu."

Binamu yangu akacheka. Alikuwa amevaa soksi ndefu kisimani, nawaambia, na kinyundo kimening'inia kiunoni kama sonara.

"Bibi, haya maji ya kuogea bata. Shukeni pima moja tu. Mwamba huu mimi naujua."

"Umeujua lini? Juzi ulikuwa ukiulilia, unakuchoma nyayo."

"Ulimi si chombo cha kupimia, bibi."

"Haya, na wewe tumia nyundo yako kunywea."

Baba alicheka mpaka kamba ikamtoka. Lakini ami akapaza sauti kutoka chini: "Mama, mwanangu kasomea haya!" Akachimba. Maji yakapanda mpaka kifuani. Binamu yangu akapiga makofi, peke yake.

Bibi akanifuta mikono kwa leso yake, akasema, "Ngojeni bamvua."

Bamvua lilikuja wiki ile ile, bahari ikajaa mpaka mikokoni, na kisima kikawa chumvi. Sabuni haikutoa povu, kunde hazikuiva. Na bwana mawe? Alikwishapanda basi siku mbili nyuma. Sisi wanawake tukawa tunakwenda na mitungi hadi kisima cha jirani, kwenda na kurudi jua limetukalia utosini, na kule tunapangwa wa mwisho kwa kuwa ni wageni.

Hilo ningemsamehe. Kijana hukosea. Lakini miaka michache baadaye, akiwa mwalimu wa chuo, kabla hata hajawa profesa, walimpa kipindi redioni cha kuwaeleza watu mambo ya ardhi. Sauti nzuri anayo, simnyimi. Tulikusanyika dukani kumsikiliza, bibi akiwa amewekewa kiti mbele. Akasema kijijini kwao kisima kiliharibika kwa sababu wazee walichimba kupita kiasi, hawakutaka kusikiliza elimu.

Watu wakamgeukia bibi. Alikuwa ameonja visima vyote vya upande ule, na hakuna hata kimoja kilichogeuka pale alipotiiwa. Tangu siku ile hakuitwa tena kuonja.

"Atakuja," akasema. "Ataisema kweli kwa kinywa chake."

Akaja, na mtu wa redio na mashine ya kunasa sauti. Akakaa ukumbini kwetu kuzungumzia mwamba. Shikamoo kwa bibi aliitoa huku akitazama mashine. Koo likamkauka, akaomba maji. Bibi akanikonyeza. Nikateka kwenye kisima kile, nikamletea kwenye bilauri yetu ya wageni.

Akanywa funda. Nikaona shavu likisimama. Mashine inazunguka. Akameza.

"Maji ya nyumbani," akasema, "hayana mfano!"

"Kunywa, mjukuu wangu," bibi akamjibu karibu kabisa na mashine. "Ni ya pima yako."

Mtu wa redio akaangua kicheko. Binamu yangu akamwambia afute kipande kile, na kikafutwa. Uprofesa aliupata, na mpaka anazeeka aliwaeleza watu habari za miamba ya dunia nzima. Ya pima moja hakuieleza. Bibi alikufa anaisubiri.

Kama nimekosea soksi, au nani aliyeshika kamba, mliokuwepo nirekebisheni, nami nitashukuru. La kisima msinirekebishe mkiwa mbali. Bado kipo. Njooni na kata.