Nyara Juu ya Banda la Kuku

Mama yangu alikuwa na manyoya saba ya tai, ameyafunga kwa kamba ya katani juu ya mlango wa banda la kuku. Kwao, upande wa Kabanga, kila mwenye vifaranga alifanya hivyo. Mwewe akipita juu na kuona manyoya ya mkubwa wake, anajua uwanja huu una mwenyewe, anakwenda kuiba kwingine. Nilipopata ualimu nilimwambia kwamba mwewe hafikirii namna hiyo. Akaniuliza ni vifaranga wangapi wameliwa tangu yafungwe. Hakuwa ameliwa hata mmoja.

Manyoya yale tuliyaleta sisi, mimi na rafiki yangu. Tulikuwa darasa la sita hapa Nemba. Tulimkuta tai barabarani amegongwa na lori, bado ana joto. Mimi niliogopa kumgusa. Rafiki yangu ndiye aliyeng'oa manyoya, moja moja, akayabeba kifuani hadi kwetu na kumkabidhi mama kwa mikono miwili. Siku hiyo mama alimpikia yai peke yake, nami nikanuna. Tangu hapo akawa mtoto wa nyumbani. Kwao njaa haikuwa ngeni, na kwetu sahani yake haikuwahi kukosa.

Alipoitwa kwenye usaili wa kazi ya uaskari wa wanyamapori, alikwenda na shati langu jeupe na tai yangu ya shingoni, ile niliyonunua kwa ajili ya mahafali ya chuo. Shati alirudisha. Tai aliniomba abaki nayo kwa sababu imemletea bahati. Nikamwachia, tukacheka.

Siku askari walipokuja, mimi nilikuwa Bisibo nafundisha. Mke wangu ndiye aliyekuwepo, na haya ameniambia mara nyingi kiasi kwamba ninayaona. Askari walikuwa wanne, wanatafuta nyama ya porini nyumba kwa nyumba. Rafiki yangu alikuwa mmoja wao. Alisema, "Shikamoo mama," na mama akaitika, "Marahaba mwanangu," akaenda kuwatolea viti. Walipekua jiko na ghala, hawakuona kitu. Wakati wa kutoka, mkubwa wao akainua macho juu ya banda.

"Bibi, hizi ni nyara za serikali," akasema.

Hapo ndipo mambo yalipoharibika, na yaliharibiwa na neno. Kwetu, kwa Kihangaza, kunyara ni kukojoa. Mama ana Kiswahili cha sokoni, cha kuuza ndizi na kuulizia nauli. Neno nyara alikuwa hajawahi kulisikia kwa maana nyingine. Alichosikia ni kwamba kuna mtu amekojoa, tena mambo hayo yanaihusu serikali. Akamjibu kwa heshima zote, "Hapa hakuna mtu aliyenyara, baba. Choo kiko kule nyuma ya migomba."

Askari wawili wakacheka. Mkubwa wao hakucheka. Alidhani anadhihakiwa na kizee mbele ya vijana wake. Kati yao alikuwepo mmoja tu aliyejua mama amesikia nini, kwa sababu amekulia katika uwanja huo huo akizungumza lugha hiyo hiyo. Mke wangu anasema mtu huyo aliangalia viatu vyake.

Wakashusha manyoya, wakamchukua na mama.

Najilaumu pia, nisijifanye malaika. Shuleni kwangu kuna bango limebandikwa ukutani: ni kosa kumiliki nyara za serikali bila kibali. Chini yake kuna picha za meno ya tembo, ngozi, kucha na manyoya. Nimewasomesha watoto bango hilo kwa sauti, mwaka baada ya mwaka, kisha narudi nyumbani na kupita chini ya manyoya saba. Haikunijia hata siku moja kwamba bango linamsema mama yangu.

Nilifika kituoni jua linaelekea kuzama. Nikakuta maelezo yameshaandikwa. Mama alikuwa kwenye benchi, ametulia kabisa. Akanishika mkono.

"Usihangaike," akaniambia kwa Kihangaza. "Ndugu yako alikuwa humo ndani. Wao waliuliza, yeye akanigeuzia maneno. Nimemwambia awaeleze vizuri kwamba mlimwokota tai amekufa barabarani, ninyi wawili, mkaniletea. Na kwamba lile neno lao sikulielewa. Amewaeleza yote."

Nikaomba kuona karatasi. Wakanionyesha kwa sababu mimi ni mwalimu, na wanao watoto wanaosoma kwangu. Ilikuwa fupi, imeandikwa kana kwamba mama ndiye anayesema: Nilizipata mwenyewe. Nilijua ni nyara za serikali. Nilizitundika ili kulinda kuku. Chini kulikuwa na dole gumba la mama, na pembeni yake jina kamili la rafiki yangu na saini yake, juu ya neno Mkalimani.

Niliisoma mara tatu.  Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Huyu wangu hata nguo nilimwazima mimi.

Nikasema kwamba nataka kuandika maelezo yangu, kwamba manyoya tulileta sisi. Wakaniruhusu, nikaandika. Mkubwa wao akanieleza bila ukali kwamba sheria haiulizi nani aliokota, inauliza zimekutwa kwa nani, na kama alijua. Kwamba alijua, ameshakiri mwenyewe.

Mama alipata dhamana. Kesho yake nilimtafuta rafiki yangu, nikamkuta senta anakunywa soda. Hakukimbia. Alinivutia kiti.

"Kaka, kazi ni kazi," akasema.

"Mama alikuambia nini mle ndani?"

"Ulitaka niseme nini? Kwamba niliyang'oa mimi? Mbele ya bosi wangu?"

"Ndiyo. Hivyo hivyo."

"Nina watoto."

"Na hilo la kwamba alijua, limetoka kwa nani?"

Akazungusha chupa mezani. Akasema mkubwa alitaka jibu la ndiyo au hapana, na maneno ya mama yalikuwa marefu. Nilimtazama shingoni. Tai mbili zilipita kati yetu. Moja ilimpa kazi, ya pili imempeleka mama mahakamani. Nikaondoka kabla sijafanya jambo la kunitoa kwenye ualimu.

Mahakamani hakimu aliangalia umri wa mama, akaangalia na yale manyoya saba mezani, yameliwa na wadudu. Hofu yangu yote ilikuwa gereza. Akampa kifungo cha nje: kila asubuhi akafagie uwanja wa zahanati mpaka miezi yake iishe. Mama akamshukuru hakimu kama mtu aliyepewa zawadi.

Vifaranga wameanza kuliwa. Mama hesabu yao anayo, lakini hasemi.

Wiki iliyopita nilimpitia zahanati. Alikuwa amekaa kwenye ngazi anapumzika, fagio la chelewa magotini. Nilikuwa tayari kumwambia kilichoandikwa. Nakala ya maelezo nilipewa mahakamani, na nimekuwa nikitembea nayo mfukoni tangu siku ile.

Akatangulia yeye. "Ile karatasi niliyotia dole gumba, unayo?"

"Ninayo, mama."

"Hebu itazame. Jina lake limo?"

Nikaikunjua. Nikalitazama jina lake pale chini, herufi nzuri, za mtu tuliyekaa naye dawati moja.

"Limo," nikasema.

Akaitikia kwa kichwa taratibu, ameridhika. "Nilijua. Watu hapa wanamsema vibaya, ati aliniacha. Mtoto niliyemlisha hawezi kuniacha niubebe mzigo huu peke yangu." Akajiinua kwa kushika goti, akashika fagio. "Jumapili mpelekee mayai. Chagua yale makubwa."