Hakuna Kitu Huko

Mughwai alikuwa mtu wa "hakuna kitu". Ukimuuliza asali vipi mwaka huu, hakuna kitu, nyuki wamehama. Ukimuuliza nyumbani mmekula nini, hakuna kitu, tunahangaika tu. Na hapo ndevu bado zina mafuta ya kuku! Kijijini kwao, kusini mwa Itigi kwenye njia ya Rungwa, watoto walimwita Babu Hakuna, na akiwasikia aliwakimbiza na fimbo huku wakicheka.

Lakini tusimcheke sana, maana alikuwa na sababu zake. Baba yake naye alikuwa mrina asali. Alitundika mizinga kwenye pori moja la mbali, na siku moja wakaja wageni, wapole kweli kweli, wakamuuliza pori lile lina nini. Mzee wa watu akafurahi kuulizwa. Akawatembeza, akawaonyesha tembo wanapopita, akawalisha asali mpaka wakalamba vidole. Mwaka uliofuata pori likawekwa kibao na askari mwenye bunduki, na mzee akaambiwa asikanyage tena. Mizinga yake ilibaki humohumo mpaka ikaoza. Baadaye ukaja wakati wa kuhamishiwa vijijini, ukaja na msako wa walanguzi, na kila aliyesema anacho, kilichukuliwa. Mughwai alisema hana, na akapona.

Alipohamia huku alipata kichaka. Hakikuwa chake kwa hati, ila hakuna mwingine aliyekitaka. Kilikuwa kizito, matawi yamefumana, mtu unaingia umeinama na unatoka shati limechanika. Watu walikata kuni pembezoni wakarudi zao. Mughwai peke yake aliijua njia ya ndani. Huko ndiko ilikokuwa mizinga yake, na karibu na mizinga palikuwa na dimbwi kwenye mwamba, maji baridi, hayakauki hata kiangazi kikipamba moto. Wanyama wote wa kichaka walikunywa hapo. Alishakaa kimya akawatazama: digidigi, kakakuona na magamba yake, na vipanya fulani vyenye pua ndefu vinavyorukaruka, hata jina lao hakulijua. Hakumwambia mtu. Hata Rahabu mkewe hakumwambia, maana Rahabu alikuwa na kwaya, na kwaya ina midomo mingi.

Ikafika mwaka wa tisini na sita. Enzi hizo kila kitu kilikuwa kinauzwa au kinasubiri kuuzwa, na neno "mwekezaji" lilikuwa limefika kijijini kabla ya mwekezaji mwenyewe. Ndipo ikaja Landrova, na ndani yake wataalamu watatu. Mkubwa wao aliitwa Laurian, kijana mrefu mwenye kofia. Kefa, mwenyekiti wa kijiji, akawatambulisha: hawa wanafanya uchunguzi wa haraka, siku chache tu, wanaangalia mimea, ndege, vyura na panya, ili serikali ipange ni maeneo gani yahifadhiwe.

Panya! Watu wazima, wamesoma, wamechoma mafuta yote hayo kuja kuangalia panya? Thubutu! Wengine walisema wanatafuta dhahabu. Mughwai yeye alilishika neno moja tu, yahifadhiwe.

"Mzee Mughwai ndiye anayekijua kichaka," Kefa alisema. "Atawaongoza."

Alitaka kukataa. Kisha akawaza, nikikataa watampata mwingine, na huyo mwingine anaweza akabahatisha njia. Afadhali niwaongoze mimi, wafike ninakotaka mimi.

"Shikamoo, mzee," Laurian alimwamkia.

"Marahaba," alijibu, akimkagua viatu.

Basi akawapeleka pembezoni, kule kulikokwisha kukatwa kwa shoka. Wataalamu wakazika ndoo ardhini, mdomo usawa na udongo, wakasimamisha nailoni kama ukuta kati ya ndoo na ndoo ili vidudu vikikwepa nailoni vitumbukie. Wakafunga tepe nyekundu kwenye miti. Mughwai akaishika moja kwa vidole viwili.

"Hizi za nini?"

"Alama tu, mzee. Tusipotee."

Alama tu! Hata kwa baba yake, kabla ya kibao, walianza na alama tu. Kila walipogeuka alikuwa akizitazama, na moyoni anawatukana matusi ambayo Rahabu angeyasikia angemshtaki kwa mchungaji.

Ndoo zilinasa panya wa kawaida, vyura wawili watatu na kenge mtoto mwenye hasira. Laurian hakuficha kuwa amevunjika moyo. Wakiwa wamekaa kula ugali na maharage alisema, "Mzee, mimi nahisi ndani kuna zaidi. Kama unajua pana kitu adimu, tuambie. Patalindwa."

Lo! Hapo ndipo Laurian alipojimaliza. Patalindwa! Na nani? Dhidi ya nani? Aliyekuwa akipita huko ni Mughwai peke yake. Kulindwa, kwa Mughwai, kulikuwa na sare na bunduki.

"Huko hakuna kitu," akasema. "Miiba tu. Na nyoka."

Nyuki wakapita juu ya vichwa vyao, wamejipanga mstari, wanaingia ndani ya kichaka. Laurian akainua kofia akawafuata kwa macho.

"Hawa wanakwenda wapi? Kuna maji huko?"

"Wanapita tu. Wanakwenda Rungwa."

Laurian alicheka mpaka akapaliwa na maharage. Alimtazama Mughwai, akatazama kichaka, kisha akatazama jua. Sehemu nyingine zilikuwa zinawasubiri, na safari yao ilikuwa ya haraka kama ilivyosemwa. Akashusha pumzi, akaanza kufungua tepe.

Walipoondoka walimwachia ndoo moja nyeupe. Akaipeleka nyumbani, na siku hiyo akachinja jogoo. Rahabu aliipenda ile ndoo kupita kiasi, maana aliyokuwa nayo ilikuwa imepasuka ukingo, na kiangazi kilimlazimu kwenda mbali kuchimba maji kwenye mchanga wa korongo. Alikuwa akirudi shingo imekakamaa, na jioni Mughwai alimkanda kwa kitambaa cha moto. Alimpenda mkewe, hilo hakuna wa kulipinga.

"Hao wageni wamepata nini huko, baba Eliya?" Rahabu alimuuliza.

"Hakuna kitu," akajibu, akacheka peke yake mpaka mke akamshangaa.

Alicheka mapema. Baada ya mavuno Kefa aliita mkutano. Bwana ardhi alikuja kutoka mjini pamoja na mwekezaji, mtu mnene mwenye miwani myeusi, aliyetaka kulima alizeti kwa trekta. Bwana ardhi akanyoosha mkono kuelekea kichaka. Lile pori limekaa bure, alisema, litasafishwa lote, na vijana watapata ajira. Watu wakapiga makofi. Mughwai akasimama.

"Lile haliwezi kulimwa," alisema. "Mle mna vitu."

"Vitu gani, mzee?" bwana ardhi akauliza. "Wataalamu walipita hapa wakaangalia. Kungekuwa na cha maana, pangelindwa na mimi nisingeligusa. Tena walisema walipewa mwenyeji, na mwenyeji akawaambia huko hakuna kitu."

Mkutano mzima ukamgeukia. Kefa akainamisha kichwa.

"Kuna," Mughwai alisema. "Kuna asali. Kuna maji. Kuna wanyama."

Mtu mmoja nyuma akaangua kicheko, na wote wakafuata. "Babu Hakuna leo kuna! Si wewe unayetuambia kila mwaka nyuki wamehama? Wamerudi lini?" Mwingine akamwambia asiwazibie watoto wao riziki. Akawasihi waende naye wakaone, hata sasa hivi. Bwana ardhi alitazama saa yake akasema ana mkutano Manyoni. Mwekezaji hakuvua hata miwani.

Nyumbani alikaa kwenye kigoda, mikono imening'inia. Rahabu alikuwa amesimama mlangoni.

"Nionyeshe mimi," alisema.

"Mama Eliya, kuna miiba."

"Nionyeshe."

Walikwenda asubuhi. Rahabu alichukua ile ndoo nyeupe, kwa mazoea tu, mwanamke wa kule hatoki bila ndoo. Wakainama, wakatambaa, kanga yake ikachanika. Mughwai alimwonyesha mizinga, na furaha ikamzidi, akawa anaropoka kama mtu aliyefunguliwa kinywa: hapa kakakuona hupita, hapa vipanya vya pua ndefu, sikiliza ndege yule. Kwa mbali, upande wa barabara, trekta lilikuwa linanguruma.

Kisha matawi yakaachana, wakatokea kwenye mwamba. Maji yalikuwa yametulia, unaona mpaka chini. Mughwai akageuka amwone mkewe akifurahi.

Rahabu hakuwa anatazama ndege. Alipiga magoti, akachovya kiganja, akanywa, akanywa tena. Aliinua macho.

"Maji haya yako hapa tangu lini?"

"Tangu tulipohamia," alisema, na ndipo mwenyewe aliposikia alichokisema.

Rahabu akapeleka mkono nyuma ya shingo yake, akaushikilia hapo. Trekta lilizidi kunguruma. Hakulia, wala hakumtukana, na Mughwai alitamani angemtukana.

"Baba Eliya," alisema, "mimi nami ulinihesabu ni mgeni?"

Mughwai alinyoosha mkono aichukue ndoo. Rahabu aliijaza ndoo mpaka juu, akajitwisha mwenyewe, akainama kuingia kwenye miiba.