Duara Nililochora Juu ya Mto Luama

Nakumbuka asubuhi moja ya masika, mwanangu, nilipopigilia ramani yangu ya kwanza kwenye ukuta wa ofisi ya afya pale Kabambare, kisha nikarudi nyuma hatua tatu ili niitazame vizuri. Ilikuwa karatasi nane ndogo zilizounganishwa kwa gundi, maana printa yetu haikujua kubwa. Misitu kijani, mito buluu, na kuzunguka kila kituo cha chanjo duara jekundu, duara kweli, si kama yale tuliyochora shuleni kwa kuzungusha sahani. Nilikuwa na miaka ishirini na minne. Sikuwa nimewahi kupenda kazi ya mikono yangu namna ile.

Usinicheke. Wewe umekua simu ikiwa mkononi, ukitaka kujua uko wapi unaiuliza. Wakati ule vita vilikuwa vimetulia juzijuzi tu, na njia ya kutoka Kasongo mpaka Kabambare ilikuwa ya kusukuma pikipiki kuliko kuipanda. Baba yangu alilima mpunga pembeni mwa Kasongo, akajinyima mpaka nikapata diploma ya Serikali, ile ya kumaliza sekondari. Ofisi ya afya ya Kabambare ikanichukua kujaza madaftari: wangapi wamezaliwa, wangapi wameugua, wangapi wamechanjwa. Ndipo siku moja ikaja habari ya mafunzo ya ramani za kompyuta, wiki sita, hapa hapa Kasongo. Tulikuwa watu kumi na mmoja, mwanamke mimi peke yangu.

Mwalimu wetu alikuwa na namna nzuri ya kueleza. Alisema ramani ya kompyuta ni mikeka iliyotandikwa mmoja juu ya mwingine. Mito ina mkeka wake, njia zina wake, vijiji vina wake; ukiinua mmoja unaona ulio chini, ukiilaza yote pamoja unaona nchi. Akatupa kimashine cha GPS, ukubwa wa kipande cha sabuni, kinachosikiliza satelaiti na kukuambia umesimama wapi duniani. Wiki ya pili ilipofika, mimi ndiye niliyewaelekeza wenzangu. Baba aliposikia, alikwenda kanisani Jumapili amevaa koti lake la harusi. Sasa niambie, mtoto wa mkulima atakosaje kuvimba kichwa?

Ofisini Kabambare kulikuwa na Mzee Kitenge, msimamizi wa chanjo, mtu aliyekuwa ametembea vijiji vile kwa miguu tangu mimi sijazaliwa. Aliniona nikiinamia kompyuta, akaniambia kwa upole wake, "Feza, mbele ya kuchora, uende uone."

Nikamjibu, "Papa, picha ya satelaiti imeshaona."

Akachukua kofia yake akatoka. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Langu lilivunjika polepole, ndiyo maana sikusikia mlio wake.

Mwezi ule surua, ambayo sisi tunaiita surambi, ilikuwa imelipuka Salamabila, kwenye machimbo ya dhahabu. Unajua pale palivyo, watu wanalala wamebanana, na kila siku piki zinaondoka na wafanyabiashara kwenda pande zote. Ugonjwa ulikuwa umeshapanda piki hizo ukielekea Wamaza. Daktari mkuu akasema tuwachanje watoto wa njia nzima kabla haujawafikia, na akanipa mimi kazi ya kuonyesha kila kijiji kitakwenda kwenye kituo kipi.

Nikafanya kama nilivyofundishwa. Niliiambia kompyuta ichore duara la kilomita tano kuzunguka kila kituo, na kila kijiji kilichoangukia ndani nikakihesabu kuwa kimefikiwa. Kijiji cha Lubelenge kilikuwa kilomita tatu tu kutoka kituo cha kando ya mto Luama. Kilikaa ndani ya duara kabisa, kama yai ndani ya kiota. Ila kilikuwa ng'ambo. Mto nilikuwa nao, tena nilikuwa nimeupaka buluu safi. Niliutandika kwa urembo, sikuuuliza swali lolote.

Siku ya chanjo ikapita. Karatasi zikarudi, nikaanza kuziingiza. Lubelenge: hakuna hata mtoto mmoja. Mbele ya jina lake pameandikwa, "Walikataa." Sikujiuliza mara mbili. Nikakipaka kijiji kile rangi nyeusi, rangi ya vijiji vinavyokataa chanjo, na ramani yangu ikazidi kupendeza.

Wiki moja baadaye, tukiwa kwenye mkutano, daktari mkuu, Mzee Kitenge, Shabani aliyekuwa mkuu wa timu ya chanjo, na mimi, mlango ukagongwa. Akaingia mama mzee, mwembamba, kitenge chake kimejaa matope mpaka magotini, na nyuma yake wanawake wawili. Alikuwa Koko Salima, yaani Bibi Salima, mkunga wa Lubelenge. Walikuwa wametembea siku mbili.

Akasalimia kila mtu kwa zamu, kama adabu inavyotaka, ndipo akauliza, "Nani hapa aliandika kama wamama wa Lubelenge walikataa chanjo? Tumesikia maneno hiyo Wamaza. Watu wanatuchekelea, wanasema tuko wajinga."

Koko Salima akaiona ramani, akaisogelea. "Hii ni inchi yetu?"

"Ndiyo, Koko," nikasema.

"Lubelenge iko wapi?"

Nikamwonyesha. Hata saa ile, mwanangu, kidole changu kilikuwa bado na majivuno.

"Na kituo?" Nikamwonyesha. "Na hii ya buluu?"

"Ni Luama, Koko. Lakini kutoka kwenu mpaka kituo ni kilomita tatu tu."

Koko hakupandisha sauti. "Mutoto wangu, masika hii Luama imejaa mpaka kwa mashamba. Haina daraja, na mitumbwi ya pale maji ilibeba. Tulisimama kwa maji na watoto mugongoni tangu asubuhi, tunapungia hawa wa chanjo mikono. Wewe ulipimia ndege. Haukupimia mama mwenye kubeba mutoto."

Daktari mkuu akamgeukia Shabani. Shabani, baba wa watoto wanne, akasimama. "Ni kweli, Daktari. Tuliona watu ng'ambo. Tukangojea mpaka saa tisa. Karatasi iko na sehemu mbili tu, walichanjwa ama walikataa. Nikaandika walikataa."

Daktari akaanza kumsema Shabani maneno mazito, ya mtu anayetaka kumwachisha mwenzake kazi. Na mimi nilikuwa nimekaa pale, ramani yangu juu ya kichwa changu, na hakuna hata mmoja aliyekuwa akinitazama. Nakwambia ukweli: nilifikiri kunyamaza. Ningenyamaza, ningebaki fundi wa ramani wa Kabambare, na Shabani angekwenda nyumbani. Njia ya mwongo ni fupi, na ile yangu ilikuwa fupi kuliko kilomita tatu.

Nikasimama. Nikasema, "Daktari, kosa ni langu. Mimi ndiye niliyewapeleka Lubelenge kwenye kituo kile. Papa Kitenge aliniambia niende kuona, nikakataa. Lubelenge hawakukataa kitu. Aliyekataa ni mimi."

Daktari akamwacha Shabani, akasema chanjo bado ziko ndani ya friji, na kwamba kesho asubuhi nitaondoka na Koko Salima, kwa miguu, na nisirudi mpaka niwe najua mtoto wa Lubelenge anafikiwa kwa njia gani.

Njiani nilimwambia Koko kwamba nilikuwa na haya hata ya kumtazama. Akacheka. "Mimi niko mukunga," akasema. "Wazee walisema mficha uchi hazai. Wewe umeshajifunua, sasa tutazaa."

Siku nne nilitembea nyuma ya kisigino cha mwanamke yule. Alinipeleka upande wa juu wa mto, nusu siku ya kutembea, mahali Luama inapobanwa na mawe na kuna mtumbwi mmoja unaovusha watu hata masika. Picha ya satelaiti haikuwa imeuonyesha. Miti ilikuwa imeufunika. Alinionyesha njia inayopitika kiangazi na kuzama masika. Alinipeleka kwenye vitongoji sita vya wakulima ambavyo havikuwa kwenye daftari lolote la ofisi, na katika kila nyumba alinitajia watoto, kila mmoja kwa jina na kwa mvua aliyozaliwa nayo, maana wengi aliwapokea kwa mikono yake. Kila mahali nilisimama na kimashine changu kikitafuta satelaiti, naye akiningoja ameshika kiuno. "Hako kamashine kanaomba ruhusa mbinguni?" aliniuliza mara moja, na wale wanawake wawili wakaangua kicheko.

Kwenye kitongoji cha nne hatukucheka. Tulimkuta mtoto wa miaka mitatu, Bahati, ana vipele mwili mzima na macho yamevimba. Surambi ilikuwa imetutangulia. Mtoto yule alipona, Mungu ni mwema, lakini jicho lake moja halikuona tena. Nimeishi na jicho lile, mwanangu. Sikwambii ili ulie. Nakwambia ili ujue kwamba nukta kwenye kompyuta ni nyumba, na ndani ya nyumba mna mtu.

Niliporudi Kabambare nilitandika mikeka upya. Safari hii niliacha kupima kwa kilomita, nikapima kwa saa za kutembea za mama mwenye mtoto mgongoni, masika peke yake na kiangazi peke yake. Nikaiambia kompyuta kuwa mto ni ukuta, na kivuko cha mtumbwi ni mlango. Duara langu zuri likavunjika, likawa umbo la ajabu, lenye pembe na mikia, kama ngozi ya mbuzi iliyoanikwa. Lubelenge ikatoka nje yake kabisa. Ikaonekana wazi kwamba Lubelenge inahitaji kituo chake yenyewe.

Mzee Kitenge aliikagua ile ramani mpya muda mrefu, miwani kwenye ncha ya pua. Akaweka kidole kwenye kivuko. "Hapa ulikanyaga?"

"Nilikanyaga, Papa."

"Na hivi vitongoji?"

"Vyote sita, Papa."

Akavua miwani. "Basi tupeleke chanjo, Madame Feza." Kabla ya siku ile aliniita Feza tu.

Shabani ndiye aliyeongoza timu, na masanduku ya barafu yakavushwa kwenye mtumbwi ule mmoja. Mimi nilikuwepo. Koko Salima alikuwa amewapanga wanawake tangu alfajiri, kitongoji kwa kitongoji, na alikuwa akiita majina kwa kichwa, bila karatasi. Hapakubaki mtoto hata mmoja ambaye hakuitwa. Baada ya Bahati, surambi ilipita ng'ambo ile kama mgeni aliyekosa mwenyeji, ikaendelea na safari yake. Kwenye karatasi ya chanjo tukaongeza sehemu ya tatu: "Hatukuwafikia." Mpaka leo, kila ninapoliona neno lile kwenye daftari, kifua changu kinajaa. Ni neno dogo. Ila limewaondolea aibu watu wengi wasiokuwa na kosa.

Sasa nina wajukuu watatu na nywele zinaanza kuwa nyeupe. Nimefundisha ramani hapa Kasongo miaka mingi, na sioni haya kusema kwamba ninajivunia. Nina wanafunzi Salamabila wanaochora mashimo yaliyoachwa na wachimbaji, ili watoto wasitumbukie ndani mvua zikiyajaza. Nina mabinti wawili Wamaza waliohesabu kwa saa mwendo wa kila mtoto kwenda shule, na wazee wa pale wakaitumia ramani yao kuchagua mahali pa kujenga shule mpya. Walipokuja kunionyesha kazi yao walikuwa na matope mpaka magotini, wakaniomba radhi kwa kuchafua sakafu. Nikawaambia waingie hivyo hivyo.

Na wewe, mwanangu, umekuja kwangu na kompyuta yako kujifunza ramani, unajua vitu ambavyo mimi sikuvijua nikiwa na umri wako. Vizuri. Jifunze mashine yote, usiiogope, na usimruhusu mtu akuambie kwamba kazi hii ni ya watu wa mbali. Lakini kabla hujachora, nenda uone. Usipoweza kwenda, muulize anayetembea pale kila siku, na umuulize kwa heshima. Kuuliza si ujinga. Jina la kijiji liandike kama wenyeji wanavyolitamka. Ukipima umbali, jiulize ni miguu ya nani itakayoutembea. Na kama karatasi ina sehemu mbili na ukweli ni wa tatu, usiulazimishe ukweli uingie, ongeza sehemu. Zaidi ya yote, siku utakapokosea, na utakosea, simama useme kabla mwingine hajabebeshwa kosa lako. Ramani inasahihishwa. Mtu uliyemchafulia jina ni vigumu kumsafisha.

Mungu wa baba zetu akubariki, mwanangu. Akupe macho ya kuona ambao hawajaandikwa, miguu ya kuwafikia, na ulimi usioogopa kusema "nilikosea". Popote utakapoweka nukta, watu wa pale wapate kufikiwa, na siku utakaporudi kwao wakupokee kama mtoto wa nyumba. Amina.