Nyasi za Ng'ambo ya Pinega

Fedosya alikuwa mjane, na ng'ombe wake Milka ndiye aliyempa sababu ya kuamka. Kiangazi chetu huku kaskazini mwa Urusi ni kifupi. Alikimalizia ng'ambo ya mto Pinega, akifyeka nyasi huku mbu wakimla shingo, akazianika na kuzirundika. Nyasi hizo huvushwa kwa farasi mto ukishaganda. Na farasi aliyebaki kijijini alikuwa mmoja tu, wa Lavr, mdogo wa marehemu mumewe.

Lavr alikuwa na kinyongo. Kaka yake alipofariki aliitaka boti ya marehemu, lakini Fedosya akamuuzia mtu wa kijiji cha chini, maana yule alileta pesa na Lavr alileta maneno. Lavr hakugomba. Alingoja tu.

Mto ulipoganda alivusha nyasi zake, kisha za majirani. Zetu pia alizivusha, nasi hatukuuliza kitu. Fedosya alipokwenda kwake aliambiwa farasi amechoka. Aliporudi tena, kwato zinamuuma. Safari nyingine alimkuta Lavr mezani akinywa chai.

"Shemeji, haraka ya nini? Nyasi hazina miguu."

"Milka anakula za mwisho, Lavr."

"Si ukazivushe kwa boti."

Mkewe Lavr alicheka, kisha akaangalia pembeni.

Fedosya akaanza kuzivuta mwenyewe, kwa kigari cha kuburuta juu ya theluji, kile cha kutekea maji. Alileta kidogo kidogo, hadi joto la ghafla likapandisha maji juu ya barafu. Alirudi amelowa mpaka magotini, akalala na homa. Majirani tulimpelekea Milka nyasi, lakini kwa viganja, kila mtu akiwafikiria ng'ombe wake. Alipopona, ng'ombe alikuwa hasimami bila kuinuliwa.

Mchinjaji wetu alikuwa Lavr huyo huyo. Alipoitwa alifika mara moja, na farasi amemfunga tayari kwa kubeba nyama.

"Kwato zimepona?" Fedosya akamuuliza.

Lavr alikuwa akinoa kisu. "Usinilaumu, shemeji. Ungeomba vizuri."

Fedosya alimshika Milka pembe mwenyewe, kwa sababu kwa mwingine asingetulia. Halafu akamkaangia Lavr maini, kama mchinjaji anavyostahili. Lavr alikula, akaomba chumvi, akasogezewa.

Siku hizi mkewe Lavr humpelekea Fedosya maziwa, akipitia mlango wa nyuma. Fedosya huyapokea, huyachemsha, huyanywa. Chupa huirudisha ikiwa imeoshwa ikatakata. Asante hasemi, na mwenzake haidai.