Mshuko Upi?

Haroub si mtu wa maneno mengi. Mkewe, Ruweida, alilijua hilo tangu usiku wa harusi, bwana harusi alipoingia chumbani, akatoa salamu, akaketi pembeni kama abiria aliyekuja kungoja gari. Wakati ule alimwona mpole. Sasa ana mtoto mchanga mgongoni na mama mkwe kitandani, na upole ule umeanza kumchosha.

Jumatano moja Haroub aliingia uani kutoka kwa sheha, mkubwa wa kijiji, akatundika shati kwenye msumari, akasema:

"Mkutano wa zile ngazi, mshuko, Ijumaa. Uwaambie na wenzio."

"Wapi?" akauliza Ruweida, huku anamsugua mgongo mwanawe Suhail ndani ya beseni.

"Si nishakwambia? Mshuko."

Basi. Akachukua chai yake akaenda kunywea barazani.

Ruweida hakuuliza zaidi, kwani Mshuko kila mtu kijijini anapajua. Kijiji chao kiko upande wa Micheweni, juu ya mawe, na wanawake wanaolima mwani wana njia moja tu ya kwendea pwani. Inapita katikati ya jabali, imekaa kama shingo ya kuku, nyembamba na wima. Kwenda unashuka mikono mitupu. Kurudi unapanda na polo, gunia zima la mwani mbichi, kichwani, maji yanakuchuruzika mpaka visiginoni, na yale maji ndiyo yanayootesha ukoga wa kuteleza kwenye mawe. Mahali hapo panaitwa Mshuko. Hapana jina jingine.

Hapo ndipo alipoanguka Bi Moza, mama yake Haroub. Aliteleza na polo lake, nyonga ikavunjika, na tangu siku hiyo pwani anaisikia tu kwa masikio. Kila Ruweida akirudi kutoka kwenye mwani, swali ni lile lile: "Umepitaje leo, mwanangu?" Haulizi mwani umekuaje. Anauliza njia.

Kwa hiyo iliposikika kwamba kijiji kimepata saruji ya kujengea ngazi za pwani, Ruweida alijua la kusema. Hajawahi kusimama mkutanoni. Alisoma mpaka darasa la saba, na hata darasani akiulizwa alikuwa anajibu akitazama miguu yake. Lakini safari hii aliyapanga maneno yake. Aliyasema akifua, akayasema akisuka ukili, akamwambia Suhail akimnyonyesha: "Mzee sheha, wajumbe wa kamati, asalamu alaykum. Sisi tunaopita Mshuko tunaomba..." Suhail alikuwa msikilizaji mzuri. Hakumkatiza.

Ijumaa wanawake walimaliza kupika mapema, wakavaa, wakateremka Mshuko. Saa hawakuulizana, maana mikutano ya Ijumaa huwa baada ya wanaume kutoka msikitini, hilo halihitaji kutangazwa. Walikaa juu ya mawe, kila mmoja na upande wa kanga kichwani, jua linawachoma kama wameanikwa pamoja na mwani.

"Leo imamu kashika hotuba ya mwaka mzima," alisema Kauthar, jirani yake Ruweida, ambaye hata msibani hukosi kumsikia.

Wakangoja.

"Labda ngazi zishajengwa," akasema tena Kauthar, "ila sisi macho yetu yana dhambi, hatuzioni."

Wakacheka. Wakangoja tena, na kicheko kikaisha. Suhail akaanza kulia kwa joto. Maji yaliyokuwa mbali yakaanza kurudi, yakalamba vigingi vya mwani, yakavifunika. Mmoja akaondoka, ana mgonjwa. Mwengine akaondoka, kaacha chungu jikoni. Ruweida alibaki mpaka mwisho, maneno yake yamemjaa kinywani, hana wa kumpa.

Alimkuta Haroub barazani, keshavua kanzu.

"Mbona hamkuja?" Haroub akauliza.

Ruweida alisimama. "Hatukuja wapi?"

"Mkutanoni. Kamati imekaa, wanawake hakuna hata mmoja. Sheha, Mzee Haidar, kauliza, kauliza tena, kanyamaza."

"Haroub, sisi tuko Mshuko tangu mchana! Mtoto kaiva kama muhogo! Nyie mlikuwa wapi?"

"Uwanja wa msikiti. Mshuko."

"Mshuko ndiko tulikokuwa!"

"Mshuko wa sala, Ruweida. Watu wakishuka, wakishamaliza kuswali."

Wakatazamana. Haroub ndiye aliyeelewa kwanza, akaishika kofia yake akaigeuza geuza mkononi.

"Ungesema 'mshuko wa Ijumaa,'" alisema Ruweida polepole. "Neno moja tu lile. 'Wa.' Lingekuuma nini?"

"Nilisema mshuko, Ijumaa."

"Na mie nikakuuliza wapi. Mtu anakuuliza wapi, unamjibu lini!"

Ndani, Bi Moza alikohoa kikohozi cha mtu asiyetaka kuingilia lakini anataka ijulikane kwamba anasikia.

"Haya, mkaamua nini?" akauliza Ruweida.

Haroub akaitazama kofia. "Bandarini."

Bandarini ni upande wa pili, mbali na mwani, wanapofungia vyombo wavuvi. Njia yake ni ya mchanga. Hata mbuzi anashuka kule amelala.

Hapo Ruweida aliingia ndani. Aliketi kitandani kumnyonyesha mtoto, na maziwa hayakushuka. Suhail alivuta, akaachia, akalia, akavuta tena. Pale kwao husemwa kwamba mama mwenye hasira maziwa humpanda kifuani yakakwama. Ruweida hakuwa akiyaamini sana, lakini alikaa pale kifua kizito kama jiwe na mtoto ana njaa, akawaza: hata maziwa nayo yana mshuko, na hata huu wameuziba.

Asubuhi alimfunga mtoto mgongoni akaenda kwa sheha.

"Chei chei, shikamoo, Mzee Haidar."

"Marahaba, mwanangu. Huyu ndiye mjukuu wa Bi Moza? Mashallah. Mama yu hali gani?"

"Yuko vile vile. Mzee, nimekuja kwa habari ya ngazi. Sisi jana tulikuja. Tulikaa Mshuko."

Mzee Haidar aliposimuliwa alicheka mpaka akafuta machozi kwa ncha ya kikoi. Hakuwa mtu mbaya, na pengine hilo ndilo lililomuudhi zaidi Ruweida, maana mtu mbaya unamchukia ukapumzika.

"Mshuko!" alisema. "Mshuko wa alasiri, mshuko wa magharibi, mshuko wa Ijumaa. Mtoto wa Kiislamu hajui mshuko?"

"Najua, Mzee. Lakini na Mshuko pale tunapopita ni mshuko."

"Pale ni mteremko tu. Nyie ndio mnapaita Mshuko."

"Basi mteremko. Tunaomba ngazi zijengwe kwenye huo mteremko."

"Ah, ndio nyie vijana wa sasa. Mnapenda mteremko!" Akacheka tena, kwa kuwa mteremko ni njia ya kushukia na pia ni kupata kitu bila jasho.

Ruweida alihisi masikio yanamchemka. "Mteremko tunao, Mzee. Ndio uliomvunja nyonga Bi Moza. Tunachotaka ni ngazi."

Kicheko kikapungua. Mzee Haidar akatazama chini. "Mwanangu, walohudhuria ndio walioamua. Nikianza kupindua peke yangu, kesho kila mtu atakuja na lake. Kamati ikikaa tena, mnakaribishwa."

"Inakaa lini?"

"Ijumaa. Mshuko." Akaona uso wa Ruweida, akaongeza haraka: "Mshuko wa sala."

"Na fundi anaanza lini?"

"Jumatatu."

Ruweida aliomba ruhusa akaondoka. Maneno aliyoyapanga hakuyasema, kwa sababu yalikuwa ya mkutanoni, na pale hapakuwa na mkutano. Njiani alikuwa anajijibu mwenyewe majibu mazuri sana, yale yanayokuja mtu akishafika kwenye kona.

Jumapili usiku haujaingia, ikatangazwa kwa kipaza sauti: kesho msaragambo, kazi ya kijiji kizima. Mawe yameshushwa barabarani. Wanawake wayabebe wayashushe pwani, wanaume watachukua mchanga na saruji, fundi atafika.

Kauthar alichungulia kwenye ua wa Ruweida. "Umesikia? Ngazi hatupewi, mawe tunabebeshwa."

Ruweida alikuwa anachambua mchele. Mikono ikasimama. "Kasema tuyashushe wapi?"

"Pwani."

"Pwani ipi?"

"Si Bandari..." Kauthar akaacha neno katikati. Akamtazama mwenzake, kisha akaziba mdomo kwa kanga. "Ruweida! Weye na upole wako wote huo!"

"Mie nimeuliza tu. Kasema pwani. Hakutaja."

Alfajiri kulikuwa na kimvua, mawe ya Mshuko yaking'aa kwa maji. Kupita na jiwe kichwani ingekuwa kujitafutia kitanda cha pili kando ya Bi Moza. Basi wanawake wakaketi kitako, mmoja chini ya mwenzake, kutoka juu mpaka mchangani, wakapokezana jiwe kwa jiwe mapajani. Nguo ziliroa, mikono ikachubuka, Kauthar akiimba nyimbo za harusi alizozibadilisha maneno, mengine hayafai kuandikwa. Jua lilipopanda, mawe yote yalikuwa chini ya Mshuko, lundo zuri.

Fundi Abdulnasir alifika kutoka Wete, akapelekwa Bandarini, akakuta mchanga, saruji na wanaume waliojishika viuno.

"Mawe yako wapi?" akauliza.

Walipoyapata, Mzee Haidar alisimama juu ya jabali akitazama chini, pumzi zinamtoka kwa nguvu.

"Nani kawaambia mshushe hapa?"

Wanawake wote wakamtazama Ruweida. Akatamani ardhi immeze, lakini Suhail alikuwa mgongoni, angemezwa naye. Akasema, "Umetwambia tuyashushe pwani, Mzee. Hii ni pwani."

"Mlijua nakusudia Bandarini!"

"Tungejuaje, Mzee? Ijumaa tulijitia kujua, tukakosa mkutano."

Mtu mmoja nyuma akaguna kicheko, akakimeza. Mzee Haidar akageukia wanaume. "Haya, yapandisheni! Yapelekwe Bandarini."

Njia ya ufukweni, ile ndefu ya kuzungukia Bandarini, ilikuwa imekwisha kufunikwa na maji. Ilibaki Mshuko tu. Wanaume wakatazamana, na kwa kuwa mkewe ndiye aliyesababisha, macho yakamwangukia Haroub. Akashuka, akachagua jiwe kubwa kidogo kuliko lilivyohitajika, akalitia begani.

"Keti kitako," Ruweida akamwambia kwa sauti ya chini. "Upokezane na wenzio."

"Mie mwanamme, niburure makalio?"

Akapanda. Alifika pale penye ukoga, pale pale, mguu ukamtoka. Jiwe likaenda zake likibiringika chini, wanawake wakaruka kulipisha, na Haroub akabaki ameshika jabali kwa mikono miwili, goti linatoka damu, uso umemgeuka. Ruweida alipiga ukelele ambao hakuujua kuwa ni wake. Hakucheka. Hakuna aliyecheka, hata Kauthar.

Haroub hakuinuka mara moja. Alikaa pale pale, akatazama juu, akatazama chini. "Hapa ndipo," akasema, "alipoanguka mama." Kisha akasema kwa sauti kubwa zaidi, yeye ambaye kutoa neno ni kama kutoa jino: "Mzee Haidar, mie sipandishi jiwe hapa. Anayetaka aje apandishe."

Hakuna aliyetaka. Wanaume wakakumbuka migongo yao.

"Mie nna wiki hii tu," akasema fundi Abdulnasir. "Kisha nna kazi Konde. Nikijenga, najenga palipo na mawe."

Mzee Haidar akavua kofia akajipepea. "Haya," alisema mwisho. "Jenga. Lakini ijulikane ni kamati ndiyo iliyoamua."

Na kweli ndivyo ilivyojulikana. Ijumaa iliyofuata alisimama uwanjani mwa msikiti akaeleza jinsi kamati ilivyoona taabu ya kina mama. Wanawake walihudhuria wote, wamekaa upande wao. Ruweida alikuwa na maneno yake tayari. Hakuulizwa, kwa kuwa jambo limekwisha. Aliondoka nayo kama alivyokuja nayo, na hilo linamkera mpaka leo kuliko jua la siku ile.

Wala ngazi hazikutosha. Fundi alianzia chini, saruji ikaisha katikati. Zilifunika pale penye ukoga, lakini juu yake bado ni jabali tupu, na polo likiwa zito bado unapumulia mdomo. Kauthar anaziita ngazi za kwendea nusu.

Siku maji yalipotoka vizuri, Ruweida alirudi kutoka kwenye mwani, akatua polo lake kwenye ngazi ya mwisho, akampokea Suhail kwa bibi mmoja aliyekuwa amemshikia, akaketi kumnyonyesha. Maziwa yalishuka mpaka yakamrovya kanga. Mtoto akayapigania, akapaliwa, akarudi. Ruweida akaegemea jiwe akafumba macho.

Alipofika nyumbani Bi Moza akauliza, "Umepitaje leo, mwanangu?"

"Nimepita nikakaa, mama. Nikapumzika pale pale."

Bi Moza akajigeuza kidogo kitandani. Kisha akasema, "Goti la Haroub limepona?" na kwa mara ya kwanza tangu aanguke akacheka mwenyewe, akishika nyonga.

Haroub akaingia, akatundika shati kwenye msumari. "Kuna hitima kwa mjomba," alisema. "Kesho, mshuko."

Ruweida aliweka chini sufuria. Hakumtazama. "Mshuko upi?"

Haroub akageuka kutoka msumarini. Akavuta kigoda, akaketi mbele ya mkewe, akashusha pumzi kama mtu anayejitayarisha kubeba jiwe.

"Mshuko wa alasiri," akaanza. "Wa sala. Nyumbani kwake mjomba, si pwani. Nyie wanawake mtaingilia mlango wa uani..."

"Endelea," akasema Ruweida.