Pasi ya Nywele Si Pasi ya Sketi

Hapa kwetu Chumbi hakuna anayenyoosha sketi ya shule kunishinda. Nanyunyiza maji, napiga pasi, sketi inakauka kama kadibodi. Kwa hiyo nilipoichukua pasi ya nywele ya dada yangu, siku anayosuguliwa singo, ule unga wa manukato wa bi harusi, sikuuliza kitu. Pasi ni pasi.

Shughuli ya singo ni ya wanawake watupu. Mitandio inavuliwa, kila kichwa kinaonekana. Na mimi, kwa mdomo wangu huu, nilishawatangazia wasichana wenzangu kwamba nitatokea na nywele zinazoyumba. Nywele zenyewe za likizo, urefu wa kidole, shuleni tunanyoa. Ziyumbe ziende wapi, sijui.

Nikachomeka pasi, nikaweka moto wa mwisho. Nikachota maji, nikajinyunyizia kichwa kizima kama sketi, nikabana fungu la mbele.

Chwiiii!

Mvuke ukanipiga usoni, nikaruka, pasi ikanilamba sikio. Lile fungu lilinyooka, siwezi kusema uongo. Ila lilinyookea kwenye pasi, kichwani halikuwepo tena.

Bibi akauliza kutoka uani, "Nani anababua kuku huko?"

"Mimi, bibi."

"Kuku gani?"

"Kichwa."

Akaja mbio, akachomoa waya kwanza, ndipo akanitazama. Nikataka kupaka dawa ya meno, akanipiga kofi mkononi. "Maji!" Akanikalisha, akanimwagia sikio maji ya mtungini, kata baada ya kata. "Mke mwenzangu, ndio urembo wa kuninyang'anya babu yako huu?"

Dada akatokea, uso mzima singo.

"Ulizikausha kwanza?"

"Nilizinyunyizia."

"Kama nini?"

"Kama sketi."

Alicheka mpaka singo ikapasuka mashavuni, ikabidi asuguliwe upya. "Zinakaushwa kabisa, we mtoto! Moto mdogo. Na nywele zikiwa fupi hivyo, pasi huigusi, unajichoma ngozi bure."

Jioni wanawake wote walivua mitandio. Mimi nilikaza wangu, jasho linanitiririka mpaka kidevuni.

"Vua basi," wenzangu wakanizunguka, "tuone zinavyoyumba!"

Nikamtazama dada. Akauma mdomo, mabega yanamtikisika. Nikavua. Kipara cha ukubwa wa kitumbua kinang'aa juu ya paji.

"Ziliyumba," nikawaambia, "mpaka zikadondoka."